Keki ya Kumuaga Mwalimu Selina

Jirani yangu Selina Mayala alifundisha hesabu hapa Igoma, na kwa ukali wake hata sisi wazazi tulipopishana naye njiani tulijikagua vifungo. Nyumbani alikuwa mtu mwingine. Binti yake, Queen, ana ugonjwa wa damu wa selimundu. Maumivu yakimpanda, Selina humbeba mgongoni hadi barabarani, wakakimbilia hospitali mjini, ambako manesi wanamjua mtoto kwa jina. Bima ya mama ndiyo inayolipa. Baba alishajiondokea zamani, na mimi nasema heri.

Ndipo ikaja barua ya uhamisho. Aende mkoa mwingine, shule ambayo kutoka hapo hadi hospitali yenye akiba ya damu ni safari ya siku nzima, na mvua ikinyesha barabara hakuna. Aliomba aachwe, akaambatanisha vyeti vya daktari. Akajibiwa kwamba mtumishi wa umma hufanya kazi popote. Aliyejibu hivyo watoto wake wana afya, bila shaka.

Selina akamtafuta wakili, Rwekaza, mtu wa Bukoba, wakafungua shauri Mahakama Kuu kupinga uhamisho. Wakili alimwonya asisaini kitu, asichukue posho ya kuhama, asiripoti kituo kipya. Alitii yote, na kazini hakumwambia mtu habari za kesi. Lakini nani angefikiria kumkataza keki?

Mwalimu mkuu, Maige, alimwandalia sherehe ya kumuaga. Walimu wamechanga, pilau limeiva, akina mama wanaimba. Kwetu huwezi kuwaachia watu pilau lao, watasema unaringa. Selina akavikwa kitenge, akakata keki, akapewa nafasi ya kuzungumza. Akasema yale anayosema kila anayeagwa: "Uhamisho ni sehemu ya kazi. Nimeupokea kwa mikono miwili." Wakapiga makofi. Mmoja akarekodi kwa simu, akarusha kwenye kundi la walimu.

Mahakamani wakili wa Serikali aliionyesha video ile. Nilikuwepo. Selina alijitazama akitabasamu ndani ya kitenge kipya, akainamisha kichwa. Rwekaza alijitahidi kueleza kwamba ile ilikuwa adabu tu. Jaji, kwa sauti ya upole, alisema mwajiri ana mamlaka ya kuhamisha, na mtu hawezi kupokea jambo mbele za watu kisha akalikataa. Shauri likatupwa. Nilitoka nje na hasira, na sikujua nimkasirikie nani.

Selina alibaki na njia mbili, zote za miiba. Akikaa, atafukuzwa kwa utoro, na kazi ikienda, bima inakwenda nayo. Akiondoka na mtoto, huenda akamzika huko. Akaamua kwenda peke yake, Queen abaki na mama yake mdogo, Dorotea. Siku hiyo nililia jikoni kwangu, wala sioni aibu kusema.

Tulimsindikiza stendi asubuhi. Alimwelekeza Dorotea tena na tena: maji mengi, vidonge, baridi isimpige, na mtoto akianza tu kulia, apigiwe simu. Queen alisikiliza hadi mwisho, kisha akamvuta mkono.

"Mama, usiogope. Nikiumwa sitalia," alisema. "Mama mdogo hatakupigia, na wewe hawatakufukuza."

Kondakta akaita abiria. Selina akapanda basi.