Asubuhi Honorata Aliposhika Shoka

Bi Honorata, yule anayeuza mikate ya mchele karibu na kanisa la mji wa Taal, huwaambia wateja kwamba mume alimpata kwa shoka. Wakicheka, yeye hucheka kuwashinda.

Enzi hizo kijana akimpenda binti, maneno matamu aliyaweka kando kwanza. Alikwenda kwao akatumika: achote maji, apasue kuni, atwange mpunga, hadi wazazi waridhike. Eusebio alitumika mwaka mzima, ukaingia wa pili. Mzee Gaudencio, baba yake Honorata, hakutaka kusikia habari za harusi. Si kwamba alimchukia kijana. Alinogewa, basi! Mgongo wake ulikuwa umepona, na kahawa ilichemka kabla hajafumbua macho.

"Kuni bado hazijatosha," alisema kila alipoulizwa.

"Baba, zimefika darini!"

"Mvua zinakuja, mwanangu."

Honorata aliumia. Mama yake Eusebio alikuwa ameshachoka kungoja, na ameapa kwamba Krismasi ikipita bila jibu, atamwoza mwanawe kwingine. Kumwambia Eusebio apumzike asingeweza, maana kwao hilo lilikuwa sawa na kumkataa.

Basi alfajiri moja akashika shoka. Akapasua kuni, akajaza mitungi, akatwanga mpunga wote. Eusebio alipofika hakukuta hata ukuni mmoja wa kupasua. Akasimama uani, kofia mkononi, akijua ndiyo amefukuzwa.

Mzee akatoka. "Nani kafanya kazi zote hizi?"

"Mimi, Baba. Na kesho nitafanya, na kesho kutwa. Kuni utapata. Sasa niambie, huyu unamzuilia nini?"

Mzee akaitazama mikono ya bintiye. Malengelenge yalikuwa yamepasuka, mpini umelowa damu.

"Nimewaonea, wanangu," akasema. Kisha akamgeukia Eusebio. "Na wewe unashangaa nini? Kimbia kawaite wazazi wako. Waje leo leo, tuzungumze harusi."

Honorata anamshukuru Mungu kwa Eusebio aliyevumilia, na kwa miaka arobaini na moja waliyoishi pamoja. Lakini anayemtoa machozi ya shukrani mpaka leo ni baba yake. Angeweza kumchapa kwa utovu wa adabu. Badala yake alipasha maji, akaketi naye chini, akamwosha mikono kidole kwa kidole, huku akilia.