Maamkizi Niliyomkatia Mzee Madeje

Usiku ule nililala nikijisifu, na haki nilikuwa nayo. Shule niliishia darasa la nne. Kukata na kuunga picha nilijifundisha mwenyewe kwenye kibanda cha video, na leo wenye vyeti vyao wakikwama wananipigia mimi. Nilikuwa nimemaliza filamu ya Kigogo, lugha niliyoinyonya kwa mama. Jumamosi ilikuwa ionyeshwe kijijini kwa marehemu Mzee Madeje, mbele ya mjane wake. Mzee ndiye aliyeigiza baba anayekwenda kumposea mwanawe, akafariki kabla hajajiona kwenye kioo.

Basi mara niko kwenye chumba changu cha kazi, nabonyeza kompyuta. Mlango uko wazi, na nje si mtaa wetu tena: ni uwanja wa nyumba ya tembe, asubuhi, ng'ombe wanatoka zizini. Mzee Madeje amesimama kizingitini, shuka begani, fimbo mkononi. Hata kufa hakujamkondesha.

"Mzee, karibu ndani!"

Hasogei.

"Mbukwa," nikamwamkia.

"Mbukwenyi," akaitika, akaningoja. Kwetu hiyo ni hodi tu, maamkizi yenyewe bado. Nikauliza ya huko alikotoka, ya wazee wetu, ya mvua. Akajibu moja moja, hana haraka. Ikaja zamu yake: mama watoto, watoto, wajukuu.

"Na ng'ombe wameamkaje?"

"Sina ng'ombe, mzee. Nina kompyuta mbili."

"Zimeamkaje?"

"Moja nzima. Moja inaumwa feni."

"Pole yake. Ipe majani."

Tunacheka, na nikitazama, kumbe ameshaketi ndani. Kwenye kioo cha kompyuta anajiona: anaingia ukweni, mbukwa moja, hapo hapo anaomba binti. Maamkizi yote niliyakata mimi, Mgogo mzima, nikihofia watu wa mjini watachoka.

"Huyu nani?"

"Ni wewe, mzee."

"Mimi niingie kwa watu kama nimekuja kukamata mbuzi? Na binti nikapewa?"

Nikaisimamisha picha.

"Mke wangu atakaa mbele pale," akasema taratibu. "Atasema, huyu siye niliyeishi naye."

Kisha mkono wake uko begani kwangu, una joto. "Mkono unao, mwanangu. Nirudishie mdomo wangu."

Mara chumba kimejaa watu, vigelegele, mabega yanatikisika, na mzee yuko katikati anacheza kuliko vijana wote.

Niliamka nacheka, mke wangu ananitazama. Kumekucha. Sikunawa hata uso. Nilimpigia Neema, mwongozaji wetu.

"Maamkizi ya Mzee Madeje yanarudi yote."

"Kaka, yote? Filamu itarefuka! Nani kasema?"

"Mwenyewe. Waambie kijijini waje na mikeka, tutakaa."