Kadiri ya Kapembe na Kisima cha Shija

Nikimwona mtu wa kijiji chetu cha zamani, hata leo na mvi hizi, navuka barabara, maana najua ataniuliza hali ya Kapembe na jasho litanitoka upya. Bora mnisikie mwenyewe, watani zangu wakisimulia wanatia chumvi (ingawa hii haikuhitaji chumvi).

Enzi za vijiji vya ujamaa tulikuwa upande wa Goweko, tunalima tumbaku ya kijiji. Mimi niliacha shule kidato cha pili (shule ndiyo iliniacha, tuseme ukweli), lakini pale nilikuwa msomi. Kwenye banda la kuchambua tumbaku kazi yangu kubwa ilikuwa mdomo, nawasimulia habari za Kapembe, ulimwengu mwingine niliotunga mwenyewe, una jua lake na mwezi wake, na huko kitu chochote kikianguka, liwe jiwe uwe unyoya, kinakwenda pima mbili (pima ni urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa) kwa kila hesabu moja, hakizidishi, hakipunguzi. Nikaiita Kadiri ya Kapembe, kwa sauti ya mwalimu wa sayansi. Bi Nyamizi, jirani yangu pale bandani, akaamini nimeisoma shuleni, na aliishika kuliko mimi. Nikimwangusha shujaa mlimani kwa hesabu tano halafu niseme mlima ulikuwa pima nane, ananikata: "Kumi! Usituibie!"

Basi kiangazi kimoja maji yakakauka, ikaamuliwa tufukue kisima cha zamani kilichoachwa na watu wa misafara ya pembe, kando ya njia ya Tabora. Wa kushuka ni Shija, fundi wa visima, Msukuma kutoka Choma, kwa hiyo mtani wangu. Kamba ilikuwa moja, na kipande chake kilitakiwa asubuhi ile ile kufungia marobota ya tumbaku, lori linanguruma linangoja. Mwenyekiti akanigeukia mbele ya watu wote: "Msomi, tuambie kina chake tukate kamba."

Hapo ningesema sijui. Neno dogo tu, sijui, la bure kabisa. Lakini Bi Nyamizi alikuwa ananitazama kama mama anavyomtazama mwanawe mwenye cheti, basi nikaokota jiwe, nikalitupa, nikahesabu kwa madaha, moja, mbili, tatu, puu! Mambo ya mawe kuanguka walifundisha wiki niliyotoroka kwenda mnadani, kwa hiyo kichwani nilikuwa na namba moja tu, ile ya kwangu.

"Pima sita," nikasema.

"Kadiri haidanganyi!" Bi Nyamizi akapiga kigelegele.

Ikakatwa pima nane, sita za kisima, mbili za mikono yetu. Iliyobaki ikaondoka na lori. Shija akajifunga kamba kiunoni, akanikonyeza: "Mtani, nikifa usije kulamba masufuria msibani kwangu."

Tukaanza kumteremsha, mimi wa mwisho kwenye kamba. Pima ya kwanza bado nacheka. Ya tatu ndipo nikakumbuka kwamba Kapembe hakuna. Ya nne nikataka kusema, mdomo umekauka (mdomo wangu mimi!). Ya tano kichwa cha Shija hakionekani tena. Ya sita, mkia wa kamba uko kiganjani mwangu.

Sauti ikatoka shimoni, ndogo, kama ya mtu aliyeko kijiji cha pili: "Miguu haijagusa! Lakini sita si imetimia? Itakuwa imebaki kidogo tu, nafungua niruke!"

"Ruka baba!" Bi Nyamizi akamjibu.

Sijui ukelele ule niliutoa wapi. "Usiruke! Shija, usifungue! Kadiri ni uongo! Nimeitunga mimi, bandani, kwenye tumbaku!"

Kijiji kizima kikanigeukia, na siwezi hata kuficha uso, mikono imeshika kamba. Na kaptula yangu, wacha niseme mwenyewe, ilikuwa imelowa, na maji hayo hayakutoka kisimani.

Kisha kule chini, polepole: "Mtani... fundo nimeshalifungua."

Tukavuta. Akatokea amekumbatia kamba kwa mikono na miguu kama kinyonga kwenye kijiti, vidole tukavibandua kimoja kimoja. Akalala kifudifudi mchangani muda mrefu. Halafu akanyanyua kichwa, akaitazama kaptula yangu.

"Mwenyekiti," akasema, "tuache kuchimba. Maji yameshapatikana."

Hakucheka mtu. Hata yeye mwenyewe meno yalikuwa yanagongana. Bi Nyamizi ndiye aliyesema, taratibu, bila kunitazama: "Kwani kufunga jiwe kwenye kamba kabla ya kuikata kuliwashinda?"

Kesho yake wakaazima kamba ndefu, wakalifunga jiwe. Pima kumi na moja.

Tangu siku ile ukiniuliza hata mvua itanyesha lini nakujibu sijui, na neno lenyewe naliona tamu kama asali ya miombo. Bandani waliniomba nimalizie hadithi, nikakataa. Yule shujaa niliyemwacha anaanguka toka mlimani bado yuko hewani mpaka leo, na sithubutu kumwambia chini ni wapi.