Fainali Tuliyoikosa kwenye Kituo cha Majani

Majani ya chai mabichi yakikaa ndani ya gunia huanza kupata joto na kutoa harufu nzito, kama nyasi zilizokatwa jana. Harufu hiyo ndiyo iliyokuwa Jumamosi zetu kule karibu na Kaplong, miaka ya themanini, na hata leo ikinipata barabarani nyuma ya lori la chai, miguu yangu hukosa utulivu.

Msimu ule nchi jirani zilikuwa zikishindania kombe, na timu yetu ya taifa ilikuwa imefika fainali dhidi ya Uganda. Nilikuwa na miaka kumi. Mpira kwangu ulikuwa sauti ya mtangazaji tu, na sauti hiyo niliisikia nikiwa jikoni, kwa kuwa walioketi karibu na redio walikuwa wanaume. Siku mbili kabla ya fainali, baba akaniambia, "Chebet, ukijaza kikapu chako kabla ya saa tisa, utakaa kando yangu kituoni tusikilize pamoja." Jamani, sikulala. Baba hakuwa mtu wa kutoa ahadi ovyo.

Kituo kilikuwa kibanda cha mabati ambako karani alipima majani kabla ya lori kuja. Baba alikuwa mwenyekiti wa kamati ya wakulima, na kazi yake kubwa ilikuwa kukataa majani mabaya. Alitaka majani mawili na kichipukizi, basi. Hata rafiki yake akileta majani magumu, alirudishwa nayo nyumbani.

Jumamosi hiyo mvua ilinyesha asubuhi, vidole vikafa ganzi, na kikapu kikakataa kujaa. Nikawa natazama jua, natazama kikapu, natazama jua tena. Kufika saa nane uvumilivu ulinishinda. Nikaanza kuvunja chochote nilichoshika, majani magumu na vijiti pia, nikayamimina upesi ndani ya gunia. Baba akaja akamimina yake juu bila kukagua, kwa sababu aliniamini.

Njia ya mwongo ni fupi. Pale kituoni kila mkulima alimwaga majani yake juu ya meza mbele ya wote. Redio ilikuwa imeshawashwa, nami nimeshapata nafasi yangu kwenye ubao wa kukalia, wakati gunia letu lilipomwagwa. Karani, kijana mpole aliyetoka upande wa ziwa, akashika kijiti kimoja, kisha kingine.

"Mzee, haya yamechumwa na nani?"

Baba alinitazama mara moja tu. "Ni mimi," akasema. "Nilikuwa na haraka ya mpira."

Mkuki kwa nguruwe mtamu. Mzee mmoja ambaye baba alimrudishia majani wiki iliyotangulia alicheka akishika mbavu. "Leo mwalimu ameanguka mtihani," akasema, na wenzake wakacheka naye. Baba akatandika gunia nyuma ya kibanda, akaanza kuchambua jani moja moja. Nikamfuata, nikachuchumaa, nikachambua pia. Ng'ambo ya mabati watu walipiga kelele, wakanyamaza, wakapiga tena. Mechi ilifika penalti na hatukusikia hata moja vizuri. Nilitamani anichape. Aliendelea kuchambua tu, na wiki iliyofuata wakulima wakachagua mwenyekiti mwingine.

Siku hizi mashindano kama yale nayatazama kwenye televisheni yangu mwenyewe. Binti yangu hukaa katikati ya sofa, miguu juu, na hakuna anayemuuliza anafanya nini hapo. Jambo hilo hunifurahisha, kisha hunikera nikiona anavyopiga miayo. Penalti zikianza mimi huinuka nikatoka nje, nikarudi, nikatoka tena. Baba alijua ni mimi, nami nilijua kwamba anajua. Tuliishi hivyo miaka mingi, tukila pamoja, tukicheka pamoja, na nilimzika bila kumwomba msamaha.