Nane Haiingii Kwenye Kumi na Mbili

Mimi si mwoga. Niliwahi kumfukuza nyoka darasani kwa rula ya ubaoni, na wanafunzi wangu wa Kiganjo, kule Thika, wanajua kwamba nikiingia hata nzi hutulia. Lakini asubuhi ile, nilipopanda ngazi za shule moja ya wasichana huko Gatongora, Ruiru, nilisimama mara mbili nikitaka kurudi.

Shule yetu ndogo ilikuwa inafunga upande wa sekondari mwisho wa muhula. Nilikuwa na umri wa miaka arobaini na mmoja, watoto wawili, na barua moja tu ya kuitwa mahojiano. Nikianguka hapa, nilikuwa narudi nyumbani kukaa. Niliogopa, wala sioni haya kusema hivyo.

Mahojiano yenyewe yalikuwa kufundisha kidato cha tatu huku mwalimu mkuu na mkuu wa idara ya hisabati wameketi nyuma. Mada nilichagua mwenyewe, na nilichagua ile ambayo haijawahi kuniangusha. Chukua namba nne zinazofuatana, zozote zile, uzizidishe. Jibu litagawanyika kwa ishirini na nne. Tano, sita, saba na nane huleta elfu moja mia sita na themanini, yaani ishirini na nne mara sabini. Ila kujaribu namba chache si kuthibitisha, niliwaambia, maana namba hazina mwisho. Lazima tuonyeshe kwamba haitakataa hata siku moja.

Nikaandika uthibitisho wangu kwa mwandiko mzuri. Katika namba nne zinazofuatana, lazima moja igawanyike kwa mbili, moja kwa tatu, na moja kwa nne. Mbili mara tatu mara nne ni ishirini na nne. Nikapiga mistari miwili chini yake, kama nilivyofanya Kiganjo kwa miaka sita.

Msichana mmoja wa dawati la pili akainua mkono. Alikuwa mdogo wa mwili, sweta limemzidi.

“Madam, hiyo ya two na hiyo ya four si zinaweza kuwa namba moja? Kama twelve. Two inaingia, four inaingia, lakini eight haiingii.”

Niliangalia ubao. Nane, yaani mbili mara nne, haiingii kwenye kumi na mbili. Nilikuwa nimehesabu namba moja mara mbili, nikaiita uthibitisho.

“Swali zuri sana,” nikasema.

Darasa zima likainama na kufungua daftari. Walijua kinachofuata. Mwalimu yeyote aliyekwama husema swali zuri sana, kisha huligeuza kuwa kazi ya nyumbani, tutalijibu kesho. Mimi mwenyewe nilikuwa bingwa wa mchezo huo. Lakini kesho ipi? Kesho sikuwa mwalimu wao. Mkuu wa idara, mzee wa miwani mizito, alikuwa ameacha kuandika, akinitazama.

“Msiandike,” nikasema. “Nimekosea, na jibu sina. Ngojeni nilitafute.”

Nikaandika moja hadi nne, mbili hadi tano, tatu hadi sita, na kila namba shufwa, ile inayogawanyika kwa mbili, nikaizungushia duara. Maduara yakatoka kama viazi. Kila safu ilikuwa na maduara mawili. Nikaona, Mungu wangu, nikaona. Namba hupishana, moja shufwa, moja witiri, kwa hiyo katika nne lazima shufwa ziwe mbili. Na shufwa mbili zinazofuatana, moja lazima igawanyike kwa nne, ya pili hutoa mbili yake yenyewe. Hiyo ni nane, bila kuhesabu yoyote mara mbili. Tatu nayo haina undugu na nane; hata ikitoka kwenye namba ile ile, haichukui kitu cha mwenziwe. Nane mara tatu. Yule msichana akatikisa kichwa kukubali, kidogo tu, na kengele ikalia.

Ofisini, mkuu wa idara alinikaribisha kiti.

“Mwalimu, njia ile ya kwanza umeifundisha kwa muda gani?”

“Miaka sita.”

“Na hakuna mtoto aliyewahi kuuliza?”

“Hakuna.”

Alifunga daftari lake. “Hapa watakuuliza,” akasema. “Tunakungoja muhula ujao.”

Ningeruka kwa furaha, lakini njia nzima kurudi Thika niliwahesabu wanafunzi niliowapa kosa lile kwa miaka sita. Kesho yake niliingia kidato cha nne Kiganjo, wiki chache kabla ya mtihani wao wa mwisho, nikawaambia nimewafundisha kosa. Nikalisahihisha ubaoni, hatua kwa hatua. Walinakili kimya, kwa adabu ile niliyojivunia miaka yote.

Kisha kiranja wa darasa, msichana ambaye hakuwahi kuniuliza lolote, akasimama polepole.

“Madam, pole kwa kuuliza. Na zile zingine zote ulizotufundisha?”

Nilivuta kiti nikakaa. Nikawaambia watoe daftari, tuanzie ukurasa wa kwanza, na kila mtu aulize.