Bua la Farasi wa Miguu Minane

Kila nikipita penye mahindi yaliyokatwa karibuni, harufu ya mabua makavu hunirudisha Endebess, kwenye shamba la nyanya yangu, niliyemwita Kukhu.

Nilikuwa nimesoma kitabu cha maktaba ya shule kuhusu watu wa kale wa Norwei. Kilisema kwamba walipovuna, waliacha fungu moja la nafaka shambani, liwe chakula cha farasi wa mungu wao, farasi mwenye miguu minane. Basi na mimi nikaacha bua moja limesimama, na hindi lake nene kabisa.

"Hii umeachia nani?" Kukhu akauliza.

Nikamweleza. Alikuwa mama wa kanisa, wa kitambaa cheupe na maombi ya kila Jumatano. Akaguna, akachukua panga, akalikata bua kwa pigo moja.

"Hapa kwangu ni Yesu peke yake. Na Yesu alipanda punda, tena ya miguu nne!"

Nilinuna hadi chakula cha jioni.

Msimu uliofuata nilikuwa nimeshasahau. Tulimaliza mstari wa mwisho, vumbi likituwasha shingoni, nikaanza kwenda nyumbani. Kukhu hakunifuata. Nikageuka. Alikuwa amesimama kando ya bua moja ambalo hakulikata, akipangusa jasho.

"Huyo mnyama yako anatoka mbali," akasema. "Ati alale njaa kwangu, na mimi ni Mkristo?"