Mume Wangu na Sinema za Mkorea

Mume wangu aliumbuka ukumbini mbele ya Mkorea mmoja, na mpaka leo Mkorea huyo akipiga simu hapa kwetu Louisville, Marekani, anamtaka yeye tu.

Ngoja niwape yote.

Kule kambi ya wakimbizi, kabla hatujaletwa Marekani, mume wangu Eliezer ndiye aliyekuwa anatutafsiria sinema. Tulipenda za Mkorea huyo, Pyo Man-sik, kuliko zote. Yule mzee hakuwa na fani moja: leo vita, kesho mapenzi, keshokutwa mizimu, halafu kichekesho cha kuvunja mbavu.

Eliezer akishika kipaza sauti, kambi nzima inalia. Mimi mwenyewe nilinaswa na sauti ile.

Mwaka 2015 tukasikia Pyo anakuja kuonyesha sinema zake mji wa Columbus. Wakongo wa mtaa wetu wa Highview tukajaza gari la kanisa, haoo!

Taa zikazimwa. Maandishi ya chini, Kiingereza kitupu.

Mama Kampire, shangazi wa Eliezer, akapaza sauti: "Bon, haya Eliezer, tutafsirie kama zamani!"

Akasimama. Kwenye skrini, mwanaume analia miguuni pa mwanamke.

"Anasema: mke wangu, rudi nyumbani, pombe nimeacha!"

Binti yetu Gloire, ambaye Kiingereza kwake ni maji, akaruka: "Papa, no! Huyo ni mama yake! Anamuaga, anaenda vitani!"

"Donc, kwa hiyo na zile za kambini?" Mama Kampire akauliza.

"Shangazi... Kikorea sijui hata neno."

Ukumbi ulipasuka kwa kicheko. Eliezer akatoka nje, jasho linamtiririka. Mimi sikucheka. Nilimfuata.

Mara Pyo huyo hapo, ametufuata kutoka ukumbini na mkalimani wake anayejua Kiswahili. Nikajua tumekwisha.

"Wewe ndiye uliyebadilisha hadithi yangu?"

"Ndiyo, mzee. Unisamehe."

Mzee akaangua kicheko.

"Unajua nilianzaje kazi? Kijijini kwetu nilikuwa natafsiria watu sinema za Wamarekani. Kiingereza sikujua! Uongo wa vita ukiniishia, naingiza mapenzi. Mapenzi yakiwachosha, naleta mizimu. Ndiyo maana leo natengeneza kila aina."

Wiki iliyofuata Pyo akamchukua Eliezer mpaka mji wa Buffalo. Ukumbi wa mtaa wa Lower West Side ulijaa Wakongo. Pyo akaagiza maandishi yaondolewe.

"Eliezer, sema unachokiona."

Mama Kampire, aliyegoma kubaki nyumbani, alikaa mbele kabisa. Alianza kulia hata kabla sinema haijaanza.

Jamani, ukiumbuka usikimbilie mbali. Huenda aliyekufuma ameshapita njia hiyo hiyo, na anatafuta mwenzake.